Kengele ya shule inachelewa: je, kuna kitu kinachoushika muda usiyumbe?

SWALI: Mimi ni mwalimu wa fizikia, Tabora. Klabu yetu ya sayansi imetengeneza kengele inayojipiga yenyewe kwa Arduino (bodi ndogo ya kompyuta inayopangwa kwa programu) na chipu ya saa ya DS1307. Iko ndani ya boksi la plastiki chini ya paa la bati, na kila mwezi inachelewa kama dakika moja na nusu. Mwanafunzi mmoja ameandika hadithi ya kubuni yenye madini yanayojigeuza kufuata mazingira na kuushikilia muda usiyumbe. Sasa darasa zima linauliza: kitu cha namna hiyo kipo, hata kwa mbali? Tunaweza kukitia kwenye kengele yetu?

JIBU: Mwalimu, muda wenyewe haushikiki. Kinachobadilisha kasi yake ni mwendo na mvutano wa dunia, na hivyo havina kifuniko. Saa za setilaiti za GPS hukimbia kuliko za ardhini kwa mikrosekunde 38 kwa siku. Walichofanya wahandisi ni kuzitega zipige polepole kidogo kabla hazijarushwa. Kinachoweza kushikwa ni pigo la saa. Hapo madini ya mwanafunzi wako yana ndugu wa kweli: Invar, aloi ya chuma na nikeli ya asilimia 36 aliyoitambua Charles Édouard Guillaume mwaka 1896. Joto likipanda, usumaku wa ndani yake hupungua, na huko kupungua kunaifanya metali isinyae karibu kiasi kilekile ambacho joto lingeitanua. Guillaume alipewa Nobel ya fizikia mwaka 1920.

Kwenye kengele yenu, pigo linatoka kwa kristali, kipande cha kwatzi chenye umbo la uma, kinachotetemeka mara 32,768 kwa sekunde. Namba hiyo ukiigawa kwa 2 mara 15 unapata 1, ndiyo maana ilichaguliwa. Uma huo haujigeuzi kwa lolote. Hupiga kasi yake ya juu kwenye nyuzi 25 hivi, na ukipoa au ukipata moto, vyote viwili huuchelewesha. Kanuni ni hii: chukua tofauti ya joto na 25, izidishe kwa yenyewe, kisha zidisha kwa 0.034. Jibu ni ucheleweshaji katika sehemu kwa milioni, yaani sekunde zinazopotea katika kila sekunde milioni.

Fanyeni hesabu kabla ya kulilaumu bati. Tuseme boksi linafika nyuzi 45 kwa muda wa saa nane mchana, na saa 16 zilizobaki liko kwenye 28. Kwenye 45 unapata 13.6, kwenye 28 unapata 0.3. Wastani wa siku nzima ni kama 4.7, yaani sekunde 12 tu kwa mwezi. Ninyi mnapoteza 90, ambazo ni karibu 35 kwa milioni. Kwa hiyo joto si mshitakiwa mkuu. Kristali za kawaida huuzwa kwa ustahimilivu (kosa linaloruhusiwa) wa 20 kwa milioni, sekunde 52 kwa mwezi, na hata ukijumlisha hizo na za joto bado kuna pengo. Pengo hilo mara nyingi hutokana na kristali isiyo ya chipu hiyo. DS1307 inataka kristali iliyoundwa kwa mzigo wa pikofaradi 12.5 (kipimo cha uwezo wa kushika chaji); ukiweka ya 6, saa itachelewa. Kapasita (vishika chaji) za nje zilizoongezwa kwenye miguu ya kristali nazo huchelewesha, kwa sababu chipu tayari ina za kwake ndani. Kama mmeziweka, zitoeni. Waya mrefu kati ya kristali na chipu hufanya vivyo hivyo, na uchafu wa kulehemu husumbua pia. Uoshwe kwa spiriti.

Kuthibitisha ni rahisi: iwekeni saa kwenye chumba cha nyuzi 25 hivi kwa wiki moja. Ikipoteza sekunde 18 au karibu na hapo, kosa liko kwenye kristali na saketi yake.

Tiba ya bure ni kuongeza sekunde 3 kila usiku kwa programu. Ina mitego. Chipu hutunza namba kwa BCD, yaani kila tarakimu peke yake katika namba ya heksadesimali (inayoanza na 0x): sekunde ya 33 huandikwa 0x33, na ukiandika 33 ya kawaida saa itasoma 21. Biti ya 7 ya rejista ya sekunde (kijisanduku cha chipu kinachotunza sekunde) lazima iwe 0, la sivyo saa inasimama kabisa. Kila ukiandika sekunde, kigawanyaji cha ndani, kile kinachoigawa 32,768 hadi 1, huanza upya, kwa hiyo andika mara tu sekunde inapobadilika. Fanya hivyo katikati ya dakika, si kwenye 58, na programu ikumbuke kwamba leo imesharekebisha.

Ila mimi ningebadilisha chipu. DS3231 ndiyo iliyo karibu zaidi na hadithi ya mwanafunzi wako: kila sekunde 64 hupima joto lake, kisha huunganisha au kutenganisha kapasita ndogo ndani ili pigo lirudi mahali pake. Kati ya nyuzi 0 na 40 kosa lake halizidi 2 kwa milioni, sekunde 5 kwa mwezi; kwenye joto la juu zaidi, 3.5. Angalieni maandishi juu ya chipu, kwani DS3231M ni nyingine, yenye kosa la hadi 5.

Anwani ambayo Arduino huiitia chipu ni ileile, 0x68, na rejista za saa na tarehe zinafuatana vilevile. Lakini kama ratiba ya kengele mliihifadhi kwenye zile baiti 56 za kumbukumbu ya DS1307, itapotea, kwa sababu DS3231 haina. Moduli ya ZS-042, bodi ndogo inayobeba DS3231, ina chipu ya pili ya kumbukumbu, kwa kawaida anwani 0x57. Ratiba iende huko. Moduli hiyo pia ina kasoro ya hatari: ikitumia volti 5 huichaji betri, na betri ya kitufe ya CR2032 haichajiwi, huvimba. Ondoeni rezista iliyoandikwa 201 iliyo karibu na dayodi kabla ya kuweka betri.

Baada ya siku 30 linganisheni na saa ya GPS. Ikiwa imechelewa sekunde 3, hiyo ni 1.2 kwa milioni. Rejista 0x10 husogeza pigo kwa takriban 0.1 kila hatua, na namba chanya huchelewesha, kwa hiyo andikeni hasi 12, yaani 0xF4. Na wanaoingiza ratiba wakumbuke kwamba chipu inahesabu kuanzia usiku wa manane: kengele ya saa 2 asubuhi kwake ni 8.