Maswali na Majibu ya Ufundi: Kwa Nini Panga za Maigizo Hukatikia Penye Mpini?

SWALI: Kikundi chetu hapa Lamu kinajiandaa kuigiza Vita vya Shela vya takriban mwaka 1812, ambapo Lamu iliwashinda Pate na Mombasa. Fundi alitufulia panga kwa springi za gari, akazitumbukiza majini zikiwa nyekundu. Mbili zimekatika penye mpini tukiwa mazoezini. Je, turudi kwenye chuma laini cha ujenzi?

JIBU: La, chuma hakina kosa. Springi ya gari huwa na kaboni ya kiasi cha asilimia 0.6, na hicho ndicho kinachoupa upanga uwezo wa kupinda kisha ukanyooka, ilhali chuma laini cha ujenzi hakishiki ugumu, na kikipigwa kikapinda hubaki kimepinda.

Mtazame kwanza pale upanga unaponywea ili kuingia ndani ya mpini. Ikiwa fundi alipakata kwa mashine na kuacha kona kali, nguvu yote ya pigo hukusanyika kwenye kona hiyo. Papigwe tupa ya mviringo mpaka pawe na mkunjo laini, na mkia unaoingia mpinini uwe mpana, uliofuliwa pamoja na upanga, wala usiungwe kwa kuchomelea. Kisha mtazame palipokatika. Mkiona doa jeusi ukingoni na sehemu iliyobaki inang'aa kijivu, basi ufa ulikuwapo tangu siku ya kutumbukizwa majini. Maji hupoza chuma cha namna hii kwa ghafla mno.

Upanga upashwe moto mpaka sumaku isiushike, uongezwe moto kidogo, kisha utumbukizwe wima katika mafuta ya kupikia yaliyopashwa hadi nyuzi 50 au 60 za Selsiasi. Kazi hii ifanyike kivulini, kwani jua letu la mchana hudanganya jicho lisitambue rangi ya chuma. Tupa ikiteleza bila kukwangua, ugumu umeshika, lakini upanga huo bado ni mkavu mno kwa kupigania, yaani huvunjika upesi: usuguliwe ung'ae, upashwe moto tena polepole hadi rangi ya buluu itokee, karibu nyuzi 300, na mkia uachwe laini zaidi.

Makali ya upanga wa kupigania yawe butu, unene wa milimita 2 hivi, na ncha iwe mviringo. Baada ya kila zoezi pitisheni kitambaa ukingoni. Kinaponasa pana pengo la kulainishwa kwa tupa. Kitara (upanga uliopinda) chenye nakshi kwa ajili ya picha za karibu kiwekwe mbali na panga hizi za kupigania, tena kisipigwe kabisa.

Panga zilizosalia zisitumike kabla ya kukaguliwa. Zilowekeni katika mafuta ya taa usiku kucha, zifuteni zikauke, mpake unga wa chaki: penye ufa mafuta yatachora mstari. Upanga wenye mstari ukatwe kando ya ufa, upande usio na ufa, na kipande kizima kifuliwe jambia.