Ndege anayelia kama gari lisilotaka kuwaka

Mdogo wangu anaishi Tucson, Arizona. Mwaka jana, mwezi wa Novemba, alinitumia ujumbe wa sauti bila hata salamu: "Yaya, sikia hii, halafu uniambie ni nini." Huku Bukavu ilikuwa saa tisa alasiri, niko garaji, mikono imejaa grisi. Kwake ndiyo kwanza kulikuwa kunakucha, maana tunawatangulia kwa saa 9. Nikasikiliza. Cha-cha-cha-cha-cha, sauti kavu ya kukwaruza, haipandi wala haishuki, sekunde chache, kimya, halafu tena. Nikamjibu kifundi: "Batri imekwisha. Mwambie jirani yako aache kulazimisha ufunguo, ataunguza stata."

Akacheka mpaka akakohoa. Alikuwa amerekodi ndege.

Sikuona aibu sana. Ndege wa hapa kwetu nimewajua kwa sikio kwanza, kama ninavyozijua injini. Kule Muhumba, kwenye bustani zinazoshukia ziwani, jioni hulia ndege mmoja mwenye kifua cha rangi ya chungwa na mstari mweupe juu ya jicho. Wataalamu humwita Cossypha heuglini. Hujificha kichakani, na ukimngoja atoke, giza litakukuta umesimama. Lakini msikilize: huanza chinichini kama mtu anayenong'ona, anarudia kifungu kilekile, anakipandisha polepole mpaka kinajaza kiwanja kizima. Mara nyingi dume na jike huimba pamoja hata ukadhani ni mmoja. Siku hizi nikimsikia sihangaiki kumtafuta.

Kwa hiyo ukiniuliza pa kuanzia, nitakwambia: taja kitu unachokijua ambacho sauti ile inafanana nacho. "Analia vizuri" haisaidii mtu. "Analia kama gari lenye batri mbovu" inasaidia sana, na baadaye nimekuta kwamba hata Wamarekani wenyewe humweleza ndege huyo hivyohivyo. Jibu langu la kijinga ndilo lilikuwa dalili nzuri kuliko zote.

Kosa langu la kweli lilikuja baadaye. Nilikuwa nimesoma kwamba Marekani kuna ndege mwigaji, Mimus polyglottos, anayeiga hata ving'ora vya magari. Nikamwandikia mdogo wangu kwa kujiamini kabisa: ni huyo, ameiga gari. Ningemwomba kwanza arekodi dakika 5 zaidi. Mwigaji hurudia kifungu mara kadhaa, kisha huhamia kingine, na kingine tena, kama mtu anayezungusha redio kutafuta stesheni. Huyu wa Tucson alikuwa na wimbo mmoja asubuhi nzima. Sekunde 10 za sauti hazikuonyeshi hilo. Acha simu irekodi, isitikisike mkononi, na upepo uwe nyuma yako.

Hapo nikaacha kuuliza "ana rangi gani", maana katika jangwa la Sonora ndege wa kahawia ni wengi, nikaanza kuuliza "anafanya nini". Majibu yalikuja siku baada ya siku, na mengine yalinifurahisha kuliko kazi. Anaimba juu kabisa ya kaktusi, waziwazi, si kama wetu wa kichakani. Akishuka chini hugeuza majani makavu na vijiwe akitafuta wadudu. Siku moja aliingia ndani ya gari la mdogo wangu kwa dirisha lililoachwa wazi, akakagua viti, akatoka, akaenda mbele kudonoa wadudu waliokufa kwenye wavu wa radieta. Fundi mwenzangu huyo!

Lakini kilichomaliza ubishi ni kiota. Kilikuwa katikati ya cholla, kaktusi yenye miiba ambayo mtu akiigusa haisahau, kimefunikwa juu, kirefu kama mpira uliovutwa, na mlango uko ubavuni. Wakati wa mayai haukuwa umefika, ila ndege alikuwa bado anabeba nyasi. Nikamwambia mdogo wangu arudi jioni. Kweli, jua lilipozama aliingia humo kulala.

Mshindani alikuwepo: Toxostoma curvirostre, ambaye naye ana mdomo uliopinda na naye hupenda cholla. Ila huyo ni wa kijivu, jicho lake ni la rangi ya chungwa, huchimba udongo kwa mdomo kama mwenye jembe, kiota chake ni bakuli lililo wazi, na wito wake ni mluzi mkali wa mapigo mawili. Wa mdogo wangu alikuwa na nyusi nyeupe, kifua chenye madoa meusi, na kiota cha kulala hata kama hakuna vifaranga. Basi ni Campylorhynchus brunneicapillus, ndege rasmi wa jimbo la Arizona tangu 1931. Maji yake karibu yote huyapata kwenye wadudu na matunda ya kaktusi, ndiyo maana anaweza kuishi pasipo na kisima.

Programu ya Merlin, ya Chuo Kikuu cha Cornell, imekuwa ikitambua sauti tangu 2021, na mdogo wangu alipoifungua pale nje ilitaja jina hilohilo. Mimi humshauri mtu akisie kwanza, ndipo afungue simu. Ukianza na simu, sikio linabaki mtalii. Na usimchezee ndege rekodi ya mwenzake mara kwa mara ili aje karibu. Atadhani amevamiwa, ataacha kula aje kupigana na spika.

Mama alipoisikia ile sauti kwenye simu yangu aliuliza kwa nini gari hilo wasiliegeshe mteremkoni, kama tunavyofanya huku, lishuke liwake lenyewe. Sikumrekebisha.

Juzi umeingia ujumbe mwingine kutoka Tucson. Mluzi, mapigo mawili, mkali, kama kijana anayesimamisha teksi pale Nyawera. Nimemjibu neno moja tu: "Jicho?"