Ukirekodi thieta ya majaribio, usimsahau aliyekaa kitini

Mara ya kwanza niliporekodi thieta ya majaribio nilirudi nyumbani na saa moja na nusu ya nyuso. Picha zilikuwa safi, ila onyesho lenyewe halikuwemo. Kuna mahali mwigizaji alifumba ngumi, akapita katikati ya watazamaji, akaanza kumimina mchanga taratibu juu ya kiatu cha mtu wa mstari wa mbele. Yule mtu hakuondoa mguu. Ukumbi mzima ulikuwa unakitazama kile kiatu, na mimi nilikuwa nimeivuta lenzi hadi usoni kwa mwigizaji. Kwenye rekodi kunasikika mchakacho mdogo, kisha mtu anaguna, basi. Nimeitazama mara nyingi na bado inaniuma, kwa sababu onyesho lile halikurudiwa.

Thieta ya namna hii haikai jukwaani peke yake, iko kati ya mwigizaji na mtazamaji. Kwa hiyo weka kamera moja juu, kwenye stendi, mahali inapowaona wote kwa pamoja. Iwashe kabla milango haijafunguliwa, kisha usiiguse mpaka mtu wa mwisho atoke. Ukishakuwa na hiyo, ya pili ibebe mkononi na ufuate moyo wako. Brian De Palma, mwongozaji filamu wa Marekani, aliliona hili mapema: alipopiga Dionysus in 69, onyesho la kundi la Richard Schechner kule New York, kamera moja ilifuata waigizaji na nyingine watazamaji, na kwenye filamu hiyo, iliyotoka 1970, picha hizo mbili zimewekwa bega kwa bega kwenye skrini moja.

Nenda mazoezini angalau mara mbili, mara ya kwanza bila kamera. Kaa, tazama, sikia miguu inapita wapi. Muulize mwongozaji kimya kiko wapi, maana waigizaji wengi hukueleza maneno na kusahau kimya.

Mwanga unaoingia kwenye kamera upange mwenyewe. Kamera ikiachiwa ijipangie, giza zito lililotafutwa kwa wiki nzima litageuka kijivu chenye chenga, na fokasi itatapatapa pale pale mwigizaji anaponong'ona. Kubali giza libaki giza. Sauti nayo usiitegemee maikrofoni ya kamera. Ficha kinasa sauti karibu na wanapochezea, kingine kiweke kwa watazamaji, halafu piga kofi moja kubwa mwanzoni ili uweze kuoanisha sauti na picha. Watazamaji waambiwe mlangoni kwamba wanarekodiwa, na asiyetaka apewe kiti ambacho kamera haikifikii.

Kwenye kuhariri ndiko nilikoharibu zaidi. Onyesho moja lilikuwa na dakika nne ambazo hakuna aliyesema neno. Waigizaji walikuwa wamesimama tu wakiwatazama watu. Nikazikata zikabaki sekunde ishirini, nikiogopa atakayeangalia nyumbani angechoka. Mwongozaji alipoiona aliniuliza, "Watu umewapeleka wapi?" Nikafungua picha za kamera ya juu, tukazitazama pamoja. Dakika ya kwanza watu walikohoa na kugeuzageuza viti. Ya pili mmoja akacheka. Ya tatu mama mmoja akaweka mkoba chini, akanyoosha mgongo, akaanza kumtazama mwigizaji aliyekuwa mbele yake, macho kwa macho, hadi mwisho. Nilizirudisha zote nne.