Barua kwa Mwanangu: Sindano, Gauni na Mkasi

Mwanangu mpendwa,

Barua yako imenifikia salama. Umeniambia kwamba mwalimu wako chuoni alifundisha kuwa wasanii wa kike wa Japani walikwenda New York kujifunza tu, nawe ukataka kujua kama nakubaliana naye. Sikubaliani naye hata kidogo.

Yayoi Kusama, msanii mzaliwa wa Matsumoto, Japani, alifika New York mwaka 1958. Mwaka 1962 alichukua kiti cha kawaida cha kuegemea, akakifunika chote kwa vifuko vya kitambaa alivyovishona na kuvijaza, vimesongamana kama vidole, kisha akakipaka rangi nyeupe. Mimi mama yako nimeshona mito miaka mingi, kwa hiyo najua mishono mingi namna ile inavyoumiza mikono. Mwaka huohuo Claes Oldenburg, msanii wa Marekani, alionyesha sanamu kubwa za kitambaa zilizoshonwa na mkewe, Patty, zikamletea sifa kubwa, na Kusama ameshikilia kwamba wazo lile lilikuwa lake. Desemba 1963 Kusama alionyesha mashua iliyojaa vifuko vya aina hiyohiyo, akabandika kuzunguka chumba picha 999 za mashua ileile. Andy Warhol, msanii mwingine wa Marekani, alifunika kuta kwa picha za ng'ombe baadaye, mwaka 1966. Nikizipanga tarehe hizo, simwoni Kusama akiwa mwanafunzi wao.

Wala haikuwa lazima kazi zifanyiwe Marekani. Atsuko Tanaka, wa kundi la wasanii wa Kijapani liitwalo Gutai, alivaa gauni la balbu na mirija ya taa za rangi huko Japani mwaka 1956, nyaya zikimzunguka mwili mzima. Yoko Ono, msanii mwingine wa Kijapani, naye aliketi jukwaani Kyoto, Japani, mwaka 1964, mkasi ukiwa mbele yake, akawaacha watazamaji waje mmoja mmoja kukata nguo aliyoivaa, na kazi hiyo imerudiwa na wasanii wengine hadi karne hii. Sindano, gauni, mkasi: vitu ambavyo wakosoaji wengi waliviona kuwa vya nyumbani, wanawake hawa waliviingiza katika sanaa bila kumwomba mtu ruhusa.

Kiti cha Kusama kiko katika MoMA, makumbusho ya sanaa ya kisasa ya New York. Tafuta picha yake uitazame sehemu ya chini, karibu na miguu: matamvua ya kiti aliyaacha yananing'inia palepale.

Mama yako