Ukigombana na swahiba wako, toka kwanza mbele za watu

Karibu miaka minne sikuongea na rafiki yangu. Sio kwamba alihama nchi, mi nilikuwa naishi Tabata yeye Kimara, gari mbili tu umefika, na namba yake nilikuwa nayo na yangu alikuwa nayo. Naandika hii kwa sababu wiki iliyopita kijana mmoja ofisini aliniambia amegombana na mwenzake aliyekua naye, wametukanana kwenye grupu la WhatsApp kuhusu siasa, na anasubiri mwenzake aombe radhi kwanza. Nikaona nikikaa kimya nitakuwa nimemkosea, maana njia hiyo mi nimepita na najua inaishia wapi.

Mi na huyo rafiki yangu tulikutana form one, bweni moja, kitanda kimoja cha dabodeka, yeye juu mi chini. Sabuni moja, ndoo moja, sukari ya kuficha kwenye tranka tunagawana. Tulipomaliza tukaja Dar wote na tukapanga chumba kimoja mpaka kila mtu alipooa, na mi ndo nilikuwa mshenga wake. Mwaka 2009 mama yake aliugua sana, akahitaji operesheni, pesa ya familia haikutosha, nikatoa laki nne na nusu, kipindi hicho kwangu ilikuwa pesa nyingi kweli. Sikuwa nimemkopesha, nilitoa, tena nilimwambia asinirudishie. Kumbukeni hiyo laki nne na nusu.

Sasa 2015. Waliokuwepo wanakumbuka mwaka ule ulivyokuwa. Jina la Lowassa, waziri mkuu wa zamani, lilikatwa na CCM kwenye kinyang'anyiro cha urais kule Dodoma mwezi wa 7, mwisho wa mwezi huo huo akahamia Chadema, akasimamishwa na Ukawa, umoja wa vyama vya upinzani, kugombea urais, na nchi nzima ikawa pande mbili, kwenye daladala, kijiweni, msibani, kila mahali. Mi nikawa upande wa mabadiliko, yeye alibaki na chama chake, CCM, na mgombea wao Magufuli. Tulikuwa na grupu la tuliosoma pamoja, watu kama sabini hivi, na usiku mmoja wa mwezi wa 8 tukaanza kubishana humo. Mwanzoni utani wa kawaida, watu wanacheka, wanatia maneno, mmoja anasema "mjibu huyo", mwingine "hapo kakuweza". Alafu yeye akarusha skrinshoti ya meseji zangu za mwaka mmoja nyuma, nilizomwandikia yeye peke yake, nikisema huyo huyo Lowassa asipewe nchi kwa sababu ya Richmond, lile sakata la mkataba wa umeme lililomfanya ajiuzulu uwaziri mkuu 2008. Watu wakacheka sana. Mi nikasikia uso unawaka, na nikaandika neno ambalo mpaka leo nikilikumbuka natamani niirudishe ile dakika. Niliandika kwamba mtu ambaye mama yake katibiwa kwa hela yangu hana mdomo wa kunifundisha mimi uongozi.

Grupu likanyamaza. Watu sabini, hakuna hata mmoja aliyeandika kitu, alafu ikatokea ile alama kwamba katoka.

Kiswahili kina jina la kitu nilichofanya, ni kusimanga, na waliolelewa vizuri wanajua hakuna tusi linaloifikia simango. Tunapenda kusema akufaaye kwa dhiki ndiye rafiki, ni kweli kabisa, lakini methali inaishia kwenye kufaa, haimwambii yule aliyefaa afanye nini baada ya hapo. Mi naongezea: anyamaze. Afe nayo. Siku unapoitaja ile pesa mbele ya watu umeigeuza kuwa deni, na tena umeigeuza kuwa deni ambalo mwenzako hakukubali kulichukua.

Kwenye ile miaka ya kununiana nilisoma sana habari za marafiki waliogombana, labda nilikuwa natafuta mwenye makosa zaidi yangu. Kilichonishika ni kwamba karibu wote waliharibikia sehemu moja: palipokuwa na watazamaji.

Chukua Jaramogi Oginga Odinga na mzee Kenyatta wa Kenya. Mwaka 1958 Kenyatta yuko kifungoni, jina lake hata kulitaja ni hatari, na Jaramogi ndiye aliyesimama kwenye Baraza la Kutunga Sheria akasema huyo ndo kiongozi wetu. Chama chao cha KANU kilipopata ushindi 1961 walikataa kuunda serikali mpaka atoke. Uhuru ukaja, jamhuri ikaja, mmoja rais mwingine makamu wake. Wakatofautiana kuhusu ardhi na mwelekeo wa nchi, Jaramogi akajiuzulu 1966 akaanzisha chama cha upinzani, KPU, na mpaka hapo unaweza kusema ni siasa tu. Lakini tarehe 25 Oktoba 1969, miezi mitatu na siku kadhaa baada ya waziri Tom Mboya kuuawa, Kenyatta akaenda Kisumu kufungua hospitali iliyojengwa kwa msaada wa Warusi, ile ambayo wengi kule wanaiita Russia mpaka leo, na wazee wale wawili wakarushiana maneno makali palepale mbele ya umati. Watu walikufa kwa risasi siku hiyo. Siku chache mbele Jaramogi akawekwa kizuizini na KPU ikapigwa marufuku. Sisemi ugomvi wa watu wawili ndo ulioua, sababu zilikuwa nyingi na nzito. Nachosema mi ni kwamba mtu akiwa ana umati nyuma yake hasemi tena na rafiki yake, anasema na umati, na umati hauridhiki na jibu la upole.

Waandishi nao, ambao ungedhani wanajua kuchagua maneno, ni hivo hivo. Camus na Sartre, Wafaransa, walikuwa marafiki tangu wakati wa vita. Mwaka 1951 Camus akatoa kitabu, jarida alilokuwa analiongoza Sartre likakichambua vibaya kupitia kijana mmoja wa pale, Camus akaandika barua ya majibu, na badala ya kumwita mwenzake kwa jina akaianza kwa "Bwana Mkurugenzi". Sartre akajibu humo humo jaridani, watu wote wanasoma. Hapo kwenye "Bwana Mkurugenzi" nilisimama nikaweka kitabu chini, maana rafiki yangu usiku ule, kabla ya ile skrinshoti, alikuwa ameshaanza kuniita "mheshimiwa" na mi nikamwita "kada". Ukiona jina la utotoni limepotea kwenye maongezi jua mmeshatoka nje ya urafiki, na ndo muda wa kufunga simu. Camus alikufa kwa ajali ya gari mwezi wa 1, 1960, hawajapatana. Sartre aliandika maneno mazuri sana juu yake, ila mwenyewe hayupo wa kuyasoma.

Ila kisa kilichonifunza zaidi kilianzia hapa kwetu jirani, Kampala. Mwaka 1966 Naipaul, mwandishi wa kutoka Trinidad aliyekuja kupata Nobel mwaka 2001, alifika Makerere na akamkuta kijana wa Kimarekani anaitwa Paul Theroux anafundisha pale. Naipaul alikuwa mtu mgumu, mwenye dharau hata, na mengi aliyosema kuhusu Waafrika mi siwezi kumtetea, lakini kwa yule kijana alikuwa mtu wa kwanza kumwambia wewe ni mwandishi. Urafiki ukaenda miaka thelathini, barua kwa barua. Alafu Theroux akakuta vitabu vyake mwenyewe, alivyompa mwenzake zawadi na kuviandika kwa mkono, viko kwenye orodha ya muuza vitabu, vinauzwa. Jamani fikiria hiyo. Iliuma, na haki yake iumie. Ila alichofanya ni kuandika kitabu kizima kumwanika rafiki yake, kikatoka 1998, dunia nzima ikasoma tabia za mtu za ndani ya nyumba yake. Kununiana kukaendelea mpaka 2011, kwenye tamasha la vitabu Hay, kule Wales, ambapo mwandishi mwingine, Ian McEwan, alimsukuma Theroux aende tu akamsalimie. Akaenda, akampa mkono, akamwambia amemmiss. Miaka mingine minne Theroux akamsifia hadharani kule Jaipur, India, na mzee Naipaul akalia kwenye kiti chake. Alifariki 2018.

Zaidi ya miaka kumi na tano, na kilichohitajika ni hatua chache za kuvuka uwanja.

Ushauri wa kwanza ni huo, na najua unaonekana mdogo. Ukiona ubishi na rafiki umeanza kuwa na watazamaji, iwe grupu, kijiwe, harusi, ofisi, acha, hata kama unashinda, hasa kama unashinda. Mpigie. Kama unaweza nenda. Mkiwa wawili unaweza kumwambia mtu neno baya sana na bado mkala pamoja, nimeona kwa macho yangu, lakini neno dogo mbele ya watu sabini linabaki. Na wale sabini, samahani kusema, hawawasaidii. Vita vya panzi furaha ya kunguru.

La pili linauma zaidi. Mwezi wa 3, 2019, Lowassa alirudi CCM. Akapokelewa, picha zikapigwa, watu wanacheka, wameshikana mikono. Mwaka mmoja kabla Wakenya nao walikuwa wameona Rais Uhuru Kenyatta na mpinzani wake Raila Odinga wanapeana mkono baada ya uchaguzi wa 2017 na yote yaliyotokea. Siwalaumu wanasiasa, kupatana ni jambo jema na nchi inapumua. Lakini nilikaa na ile picha kwenye simu, nikawaza, mtu niliyempoteza ndugu yangu kwa ajili yake kesharudi alikotoka, na mi bado sijui rafiki yangu amepata mtoto wa ngapi. Siasa ipende, chagua upande, piga kura, bishana. Ila usilipie kwa kitu ambacho wao wenyewe hawalipii.

Nilivyoona ile picha ungedhani ningempigia siku hiyo hiyo. Sikumpigia. Aibu ilikuwa imeshakuwa nzito kuliko hasira, na hii watu hawaisemi: mwaka wa kwanza unanyamaza kwa sababu umekasirika, miaka inayofuata unanyamaza kwa sababu utaanzaje.

Mwezi wa 6 mama yake akafariki. Niliambiwa na mtu mwingine, nikapanda basi asubuhi kwenda kwao Kilosa bila kujua nitapokelewaje. Nilifika watu wanajiandaa kwenda makaburini. Nikasimama na wanaume nyuma kabisa. Wakati wa kufukia watu wanapokezana koleo, yeye alivyochoka akageuka, akaniona, akanipa. Hakusema kitu. Nikafukia.

Usiku wa matanga tukakaa nje kwenye turubai mpaka alfajiri, na ndo akaniambia nilichokuwa sijui. Ile meseji yangu haikubaki kwenye grupu. Kuna mtu aliikopi, ikazunguka, ikafika Kilosa, binamu akamsomea mama. Mama hakuwa anajua ile hela ilitoka kwangu, aliambiwa ni ya ofisini kwa mwanae. Tangu siku hiyo akawa anaweka, anauza maandazi na mboga anaweka, anasema deni la yule kijana lazima lirudi kabla hajafa. Akanipa bahasha iliyokuwa kwenye sanduku la mama, ina elfu themanini na sita, noti za elfu moja moja na mia tano za sarafu.

Akaniambia, "Swahiba, ungenipigia ukanitukana mimi usiku kucha nisingekumbuka hata leo. Umemfanya mama yangu afe anadaiwa."

Sikuwa na jibu na sikulitafuta. Nikamwomba msamaha, bila "ila na wewe ulirusha skrinshoti", ingawa alirusha, na ingawa sentensi hiyo nilikuwa nayo tayari mdomoni kwa miaka minne. Ndugu, ukiomba msamaha omba ule wako tu. Wa kwake atauleta mwenyewe, au hataleta. Yeye aliuleta, miezi kadhaa baadaye, tukiwa tunaongea mambo mengine kabisa.

Na jambo la mwisho ambalo nililifanya kwa kuchelewa. Kosa la mbele za watu haliishi kwa msamaha wa faragha. Tukirudi Dar niliingia kwenye lile grupu, nikamwomba admini amrudishe, alafu nikaandika kwamba mwaka 2015 nilimsimanga ndugu yangu humu kwa kitu ambacho hakuwa ananidai wala simdai, kwamba nilikosea, na kwamba yeyote mwenye ile meseji aifute. Nilivyobonyeza kutuma mikono ilikuwa inatetemeka. Haikuwa kama zamani baada ya hapo, nisidanganye. Kuna vitu hatutaniani tena, na hajawahi kuniomba hata elfu tano, hata pale nilipojua kabisa amekwama, na kila mara inaniuma na naelewa.

Siku ile grupu lilinyamaza tena, kama mara ya kwanza. Nikawa nimekaa na simu mkononi. Baada ya kama nusu saa likaja jibu lake, humo humo mbele ya wote: "Nimeona swahiba. Jumapili njoo na yule fundi wako wa pampu, maji hayapandi juu."