Mwanangu, joho la wavusha mto lisizuie mishale

Marahaba mama. Meseji yako niliipata juzi usiku nikiwa bado niko kwenye cherehani, nikasema hii siijibu kwa maneno mawili, ntakaa chini niandike. Umeniuliza kuhusu ile hadithi yako ya nchi ya kubuni, kile chama cha wavusha mto, joho lao la uchawi lipate wapi nguvu na nani awe na haki ya kulivaa. Af ukanitumia ulivyoandika mwanzo, kwamba joho linazuia mishale, haliungui, linaburuza mpaka chini na aliyelivaa hafi mpaka alivue. Nimesoma mara mbili, na mama yako nae nimemsomea.

Naanza na kitambaa maana ndo kazi yangu. Joho la kuburuza halimfai mtu wa kwenye mtumbwi hata kidogo, likilowa lile ni mzigo, likinasa kwenye kasia anazama nalo. Mkatie liishie kwenye ugoko, weka mpasuo pande zote mbili ili aweze kupiga magoti, mikono iwe mifupi, na kwapani muachie nafasi ya kutosha kwa sababu mtu wa kazi za mikono kwapa ndo linafumuka kwanza, kila wiki naletewa mashati ya wabeba mizigo wa sokoni yamechanika hapohapo. Bitana usiweke, inakunywa maji.

Rangi pia usiseme tu nyeusi. Kule Mali wana kitambaa kinaitwa bogolan, wanaloweka pamba kwenye maji ya majani yaliyochemshwa inatoka njano, halafu wanachora juu yake na matope waliyoyaweka muda mrefu kwenye chungu, sasa yale matope yana chuma kwahiyo yakikutana na ile dawa ya majani panakuwa peusi, na ukifua hapatoki. Wawindaji wa kule walikuwa wanavaa nguo hizo porini ziwafiche na ziwalinde. Wavusha mto wako wana mto wao mwanangu, wachote matope ng'ambo zote mbili. Mtu akiliona joho ajue huyu si wa upande huu wala ule.

Sasa nguvu, hapa ndo nataka unielewe vizuri. Wewe umekulia Songea, 27 Februari unaijua tangu uko mdogo, wazee wa Vita vya Maji Maji walinyongwa na Wajerumani siku hiyo mwaka 1906 na kaburi la pamoja umesimama mbele yake. Mwaka mmoja nyuma yake Kinjikitile Ngwale aligawa maji kule Ngarambe, watu wakaamini risasi za Mjerumani zitageuka maji, na hazikugeuka. Walakota, wenyeji wa asili wa Marekani, nao walishona mashati waliyoamini risasi haipiti, af 29 Desemba 1890 pale Wounded Knee wanajeshi wakaua wanaume, wanawake na watoto. Na wakubwa nao hivohivo, mtoto wa sultani wa Uturuki anaitwa Cem aliandikiwa shati la kinga lenye aya na dua, lilianza 1477 likaisha 1480, miaka mitatu nguo moja! Bado kiti kilichukuliwa na kaka yake na yeye akafia ugenini 1495. Kwahiyo mimi nikisoma nguo ya kuzuia mshale moyo unaniuma, siwezi kuisoma kama mchezo, na hata kwenye nchi ya kubuni naomba usiwape watu wako hiyo.

Ila angalia maji yalifanya nini kweli. Wamatumbi, Wangindo, Wangoni, watu ambao wengine babu zetu walikuwa wanawavamia, walisimama upande mmoja. Hiyo ilitokea, si hadithi. Nguvu ya joho lako itoke huko, kwenye kumfunga aliyevaa na wenzake.

Ntakwambia kitu nilichokiona kwa macho yangu. Kuna mama mmoja wa kwaya aliniletea joho nimtie kiraka kwenye kiwiko, mi nikamwambia mama hili limechoka bora nikushonee jipya, akakataa kabisa. Nikafumua kola ili niigeuze, ndani nikakuta majina manne yameshonwa kwa mkono, kila jina uzi wake, moja uzi wa bluu wa kufumia sweta kabisa. Wa nne ndo yeye. Watatu wote walishatangulia mbele za haki. Mwanangu nilikaa na ile kola mkononi muda mrefu mpaka taa ikazimika sikujua. Nikairudisha vilevile, kiraka nikaweka na hela sikuchukua.

Wajapani enzi za vita walikuwa na mkanda wa mishono elfu moja, mama au mke wa askari anasimama barabarani kuomba kila mwanamke anayepita atie mshono mmoja, ila aliyezaliwa mwaka wa chui milia anaruhusiwa kutia mingi kulingana na umri wake. Sasa chukua hayo yote uyaweke mtoni. Joho liwe mali ya chama, lisinunuliwe, lisiibwe, anayeingia avae la aliyekufa na atie mshono wake pindoni. Na uchawi wake uwe kwamba mtu yeyote akiita ng'ambo usiku, hata adui, lile pindo linakuwa zito mwilini mpaka aamke aende kumvusha, akikataa mshono wake unafumuka wenyewe asubuhi. Haki ya kulivaa ni hiyo basi, anayeamka.

Ile sura ya kijana kulivaa mara ya kwanza iandike taratibu, usikimbilie vita. Aanze kuhesabu mishono kwa kidole gizani, afike kwa wa baba yake.

Mama yako anauliza unakula vizuri huko Dar. Na mi niandikie kipimo cha mabega cha huyo kijana wako, na urefu wake, nina kitambaa cha marekani hapa kimebaki mita tatu nataka nilikate kweli tuone linavyokaa mtu akipiga magoti.

Baba yako