Asipandishwe kwanza, lakini nafasi yake isipotee

Swali la wiki liliuliza: je, mtumishi wa umma mwenye shauri la nidhamu ambalo halijaamuliwa apandishwe cheo wenzake wanapopanda? Jibu langu ni kwamba asikabidhiwe cheo hicho kwanza, lakini ajadiliwe siku hiyohiyo pamoja na wenzake, matokeo yake yafungwe mpaka shauri liishe, na tarehe yake ya kupanda ilindwe. Nilifanya kazi masjala hapa Tabora mpaka nikastaafu, na majalada ya watu wa aina hii yamepita mikononi mwangu.

Wanaosema "apitwe tu, kajitakia" mara nyingi wanamfikiria mwizi. Mimi namfikiria mtendaji wa kijiji katika halmashauri mojawapo ya mkoa wetu. Alituhumiwa kwamba ushuru uliosomeka kwenye POS, mashine ya kukusanyia mapato, haukufika benki. Akasimamishwa kazi, akabaki na nusu mshahara. Jalada likaenda kwa mwanasheria, likarudi, likakaa kusubiri kamati ya uchunguzi, mjumbe mmoja akahamishwa, ikabidi iteuliwe kamati nyingine. Hao wa mwisho ndio waliokuta slipu ya benki imebanwa nyuma ya folio, yaani karatasi ya jalada, isiyohusika kabisa, muhuri unasomeka, kiasi ni kilekile, tarehe ni ileile. Alirudishwa kazini na kulipwa nusu iliyokuwa imezuiwa. Cheo hakikurudi. Walioajiriwa naye walikuwa wameshapanda, na barua ya kumrejesha haikugusa jambo hilo hata kwa mstari mmoja.

Asiye mtumishi ataona ni jambo dogo, kwamba atapanda awamu ijayo. Haiko hivyo. Daraja moja likichelewa, linalofuata linahesabiwa kutoka hapo, na mafao ya kustaafu yanakokotolewa kwa mshahara uliofikia. Tulioshuhudia mwaka 2016, serikali iliposimamisha upandishaji vyeo nchi nzima kupisha uhakiki wa watumishi, tunajua jeraha hilo linavyochelewa kupona. Baadaye serikali yenyewe ilileta mserereko ili waliocheleweshwa wawafikie wenzao. Ikiwa hilo limewezekana kwa watumishi wengi namna ile, kwa nini lishindikane kwa mtu mmoja aliyesafishwa na shauri lake mwenyewe?

Ninachokitaka si ndoto. India wanacho. Kamati ya kupandisha vyeo kule humjadili mwenye shauri kama wengine, kisha uamuzi juu yake hutiwa kwenye bahasha na kufungwa kwa lakiri mpaka shauri liishe. Akionekana hana kosa, bahasha hufunguliwa, na kama alifaa, hupandishwa kwa tarehe ileile aliyopandishwa mdogo wake kazini. Akitiwa hatiani, kilichomo hakitumiki. Mwaka 1991 Mahakama Kuu Kabisa ya nchi hiyo, katika shauri la Jankiraman, iliweka mpaka ulio wazi: utaratibu huo unaanza pale tu mtumishi anapopewa hati ya mashtaka. Uchunguzi wa awali peke yake hautoshi kumfungia mtu bahasha.

Mpaka huo ndio ninaouthamini kuliko yote. Katika ofisi zetu barua isiyo na jina la mwandishi inaweza kumchafua mtu kwa mwaka mzima bila yeye kuonyeshwa hata tuhuma zenyewe. Ikiwa mwajiri ana ushahidi, aandike mashtaka. Kama hana, ampandishe mtumishi wake.

Wapo wanaotaka apandishwe moja kwa moja, na huitaja Ibara ya 13(6)(b) ya Katiba, inayokataza mtu aliyeshtakiwa kwa jinai kutendewa kama mkosaji kabla hatia haijathibitika. Naheshimu hoja hiyo. Lakini mhasibu anayechunguzwa kwa fedha akipewa kuongoza kitengo, mashahidi wanakuwa watu walio chini yake. Karani gani atasema ukweli mbele ya bosi anayemjazia tathmini?

Tatizo kubwa zaidi ni muda. Mtumishi asiyeridhika na uamuzi ana siku 45 za kukata rufaa Tume ya Utumishi wa Umma, na akizembea bila sababu ya msingi anapoteza haki hiyo. Mwajiri akizembea, anayeumia ni mtumishi yuleyule. India, kwa waraka wa mwaka 1992, waliagiza mashauri ya bahasha yapitiwe kila miezi 6, na miaka 2 ikipita bila uamuzi, mamlaka ifikirie kumpandisha kwa muda yule ambaye hajasimamishwa kazi. Hapa kwetu ningependa muda uwe mfupi zaidi ya huo, maana majalada mengi niliyoyaona yamelala hayakuwa na ugumu wowote. Yalikosa tu mtu wa kuyasukuma.

Kwa walimu, ambao ni wengi kuliko watumishi wengine huku Urambo, Kaliua na Sikonge, kazi ni nyepesi zaidi. Tume ya Utumishi wa Walimu, kwa sheria ya mwaka 2015, ndiyo inayowapandisha na ndiyo inayosikiliza mashauri yao ya nidhamu. Jalada la shauri na orodha ya wanaopanda viko chini ya chombo kimoja. Waanze wao.